Faili la Watumishi Wasio Walimu

12 Februari 2002

Mdogo wangu,

Leo ni tarehe kumi na mbili Februari, na kwa hesabu yangu huu ni mwaka wa thelathini na moja tangu niondoke. Nahesabu kuanzia ile asubuhi ya Septemba, si siku niliyofika hapa, kwa sababu miezi ya njiani nayo ilikuwa miezi ya kutokuwepo nyumbani.

Natumaini wote mu wazima. Mimi sijambo, ila goti la kushoto limeanza kunisumbua ngazini. Chumba changu ni kilekile, juu ya karakana ya fundi viatu. Nyundo yake ndiyo saa yangu ya kuamkia. Maktaba ilinistaafisha miaka minne iliyopita, lakini bado wananiletea vitabu vilivyochanika nivishone. Wananilipa kwa kila kitabu, nami nakisoma chote kabla ya kukirudisha, kwa hiyo nadhani mimi ndiye ninayewapunja wao. Mpe mpwa wangu pole kwa usingizi anaoukosa. Mtoto akiota meno nyumba nzima huota naye.

Barua yako ya Desemba nimeipata juzi. Imenishtua kusikia kwamba unaingia mwaka wa tatu tangu ustaafu na pensheni bado hujaiona. Unaniuliza kama naikumbuka barua yako ya kuthibitishwa kazini, kwa kuwa ofisi ya pensheni haiioni, na mimi ndiye niliyekuwa mwalimu mkuu ulipoajiriwa kutunza maabara. Ni zamani mno, Sisimizi. Jaribu wizarani, nakala moja ya kila fomu ilitakiwa kwenda huko. Waombe watafute bila haraka.

Goti likipoa nitaandika zaidi.

Kaka yako


20 Machi 2002

Kaka Mkubwa,

Shikamoo. Huku hatujambo. Meno ya mtoto yametoka mawili, na sasa anamng'ata mama yake kama anamdai. Mpwa wako anakusalimu. Bado yuko zamu za wodi ya watoto.

Pole na goti. Naona limekuwa goti lenye akili sana: kila nikikuuliza jambo zito, linauma.

Wizarani nimekwenda, mara nne. Hawana kitu. Sasa kila Jumanne mimi na Mwiko tunapanga foleni kwenye dirisha namba tatu la ofisi ya pensheni. Mwiko unamkumbuka, mpishi wetu wa bwenini. Jina hilo wewe ndiye uliyembandika na hadi leo halijabanduka. Nyuma ya dirisha yupo mtu wa makamo tunayemwita Bwana Kesho. Si mtu mbaya. Juzi alilitoa jalada langu akanigeuzia nione mwenyewe.

"Mama, tazama. Barua ya kuajiriwa kwa majaribio, mwaka sitini na nane, hii hapa. Ya kustaafu, mwaka tisini na tisa, hii hapa. Ya kuthibitishwa kazini haipo. Kwa karatasi hizi wewe ulikuwa kibarua."

"Kibarua wa miaka thelathini na moja?"

"Ndivyo karatasi zinavyosema, mama yangu."

Mwiko akaingiza kichwa dirishani. "Mwanangu, sekondari ulisoma wapi?" Bwana Kesho akaitaja shule yetu. "Bweni au kutwa?" Bweni. "Basi umelishwa na kibarua miaka minne. Mbona hukunidai barua kabla ya kunyoosha sahani?"

Foleni nzima ilicheka, wenye meno na wasio na meno. Bwana Kesho naye alicheka, akafunga jalada, akasema, "Njooni kesho kutwa."

Sasa sikiliza vizuri. Tuko kumi na mmoja. Ni sisi sote tulioajiriwa mwaka bweni lilipofunguliwa: wapishi, walinzi, mfua nguo, mtunza stoo na mimi. Walimu wa mwaka huohuo barua zao zipo, hata yule wa jiografia aliyekuwa akilala darasani. Za kwetu tu ndizo hazipo. Tulio hai ni sita. Na tumeambiwa madai yote yasiyo na ushahidi yatafungwa tarehe thelathini Septemba, yasifunguliwe tena.

Habari njema nimeiweka mwisho makusudi. Serikali imetangaza kwamba waliokimbia miaka ile warudi, hakuna atakayeshtakiwa. Ni kujaza fomu tu, kabla ya mwisho wa mwaka. Nimeshakipaka chokaa chumba cha nyuma. Rudi, Kaka. Watu uliowafundisha wamekuwa wazee na bado wanaandika herufi kwa mlazo wako.

Lakini kwanza nijibu: lile faili letu ulikuwa unaliweka wapi?

Mdogo wako


2 Mei 2002

Mdogo wangu,

Salamu nyingi kwako, kwa mpwa wangu na kwa huyo mwenye meno mawili. Majira yamebadilika, fundi viatu amefungua mlango wake na harufu ya gundi inanifikia hadi mezani. Goti lina nafuu.

Habari ya kurudi niliisikia redioni kabla ya barua yako, nikadhani nimesikia ninachotaka kusikia. Niliagiza fomu. Ina kurasa tatu. Nimeisoma mara nyingi kuliko kitabu chochote mwaka huu. Vifungu sita vya kwanza nimevijaza kwa wino. Cha saba bado nakifikiria. Siku ile nilitoka nikanunua sanduku la nguo, la bei rahisi, la bluu. Fundi viatu akaniuliza, "Mzee unasafiri lini?" Nikamwambia sijui. Akasema, "Basi nipe nikaze vishikio, vya bei hii havifiki stesheni." Amevikaza bure.

Kuhusu faili: lilikuwa kwenye kabati la chuma, ofisini kwangu, droo ya chini. Lililolipata baada ya mimi kuondoka siwezi kulijua. Shule ilipita mikononi mwa wengi, mambo yalivurugika. Nasikitika, Sisimizi. Hata ukiniuliza zaidi sitakuwa na la kuongeza.

Msalimie Mwiko. Mwambie bado nampigia hesabu ya sukari ya mwaka sabini.

Kaka yako


11 Juni 2002

Kaka,

Shikamoo. Mtoto hajambo. Mpwa wako hajambo.

Salamu zako kwa Mwiko zimechelewa. Tulimzika Jumamosi ya pili ya Mei. Kifua. Mkewe alikwenda dirisha namba tatu na cheti cha kifo, nikamsindikiza. Bwana Kesho alikisoma, akakirudisha kwa mikono miwili, akasema kwa sauti ya chini, "Mama, mjane wa kibarua hana fomu hapa." Yule mama hakulia. Aliuliza tu kama anaweza kupata karatasi nyingine ya kufungia kile cheti, kisichafuke.

Tumebaki watano.

Umesema kabati la chuma, droo ya chini. Kaka, siku wale watu walipokuja kukutafuta nilikuwa nimesimama pale ofisini wakati droo hiyo inafunguliwa. Ilikuwa tupu. Nakumbuka kwa sababu mmoja wao aliipiga teke.

Na asubuhi hiyohiyo, kabla hawajafika, nilikuwa naosha mirija ya kioo ya kidato cha tatu. Dirisha la maabara linatazama shimo langu la taka, wewe mwenyewe ndiye uliyechagua lichimbwe pale. Nilikuona umechuchumaa, umevaa koti lako la kijivu. Ulichukua chupa yangu ya spiriti bila kusaini daftari, wewe uliyemkatia mwalimu wa kemia mshahara kwa kosa hilohilo.

Waliponiuliza ule moshi ni wa nini, niliwaambia ni wangu, nimechoma matambara ya maabara. Waliniuliza siku mbili. Yaliyopita katika siku hizo mbili sijawahi kukwambia, na sitakwambia.

Miaka yote hii sikukuuliza ulichoma nini. Nilijisemea, ni mambo yenu wanaume wa vikao, kama angetaka nijue angeniambia. Sasa nakuuliza. Si kwa ajili yangu peke yangu. Ulichoma nini?

Mdogo wako


25 Agosti 2002

Kaka,

Shikamoo. Miezi miwili na nusu kimya. Mwanzoni nilisema posta. Kisha nikasema goti. Sasa nasema ni mimi niliyekukosea adabu, na naomba unisamehe.

Huku hatujambo. Mtoto amesimama, ameshika kiti, ameanguka, amelia, amesimama tena.

Nimeipata ile fomu ya kurudi. Macho yangu hayawezi maandishi madogo, mpwa wako akanisomea. Alipofika kifungu cha saba nilimwambia arudie. "Msamaha huu haumhusu mtu aliyeharibu nyaraka za serikali." Akarudia mara ya tatu, akaniuliza, "Mama, mbona umekaa chini?"

Basi nimeelewa, sihitaji kuambiwa. Lolote ulilochoma, kaa nalo kimya. Jaza hapo kwamba huna kosa, weka sahihi, panda gari uje.

Jambo moja nilikuficha: vyumba vya mbele nimevipangisha tangu mwaka juzi. Vya nyuma viwili vinatutosha, kimoja chetu na kimoja chako. Tunabanana lakini hatujalala njaa. Mwezi ujao madai yatafungwa na yafungwe. Nimekuwa kibarua miaka thelathini na moja bila kujua, siwezi kushindwa kuwa kibarua miaka michache iliyobaki nikijua.

Usiandike kitu kwa ofisi ya pensheni. Tafadhali. Njoo tu.

Mdogo wako


29 Agosti 2002

Mdogo wangu,

Salamu kwenu nyote. Sina barua yako mpya, ni ile ya Juni tu. Nimechelewa kuijibu kwa sababu kila nilipoanza nilijikuta naandika habari za hapa. Nina kurasa nane za habari za fundi viatu. Nimezichana.

Poleni kwa msiba wa Mwiko. Sina haki ya kuandika zaidi ya hapo mpaka nimalize haya yanayofuata.

Mwaka ule karatasi zilikuwa adimu shuleni. Walimu kumi na wanne tulikuwa tukikutana kwenye stoo ya madawati mabovu, na mimi ndiye niliyekuwa katibu. Nilihitaji mahali pa kuandika mambo ya vikao, na pa kuyaficha. Fomu zenu za kuthibitishwa kazini zilikuwa tayari, mkaguzi amekwisha kuzisaini, nakala zote mbili zikiwa pamoja. Zilikaa droo ya chini kwa sababu ya zile desturi zangu: sikupenda kupeleka karatasi mojamoja wizarani, nilikuwa nikizikusanya na kuzipeleka kwa mkupuo kila Desemba. Nikaandika kumbukumbu za vikao nyuma ya fomu zenu. Nilijiambia karatasi zikija nitawajazia fomu mpya.

Nilijiona mjanja, Sisimizi. Nilijua mtu wa upekuzi akija atafungua mafaili ya walimu. Ya wapishi na walinzi na mtunza maabara nani ana haja nayo? Nilichagua faili lenu kwa sababu nilijua hakuna atakayelifungua. Na katika vikao hivyohivyo nilikuwa nikisimama juu ya dawati kusemea haki za wanyonge.

Asubuhi ile niliambiwa wako njiani. Sikuwa na muda wa kuchambua ukurasa na ukurasa, nikachoma faili zima. Majina kumi na manne yalipona. Yenu kumi na moja yaliungua, na kwa miaka thelathini na moja sikuyawazia. Huo ndio ukweli wenyewe: sikuyawazia. Ulipoandika Desemba ndipo nilipoyakumbuka, yote, kwa mpangilio yaliokuwa nao kwenye faili. Nikakujibu kuhusu goti.

Ya siku zako mbili sitakuuliza. Nimekaa nayo tangu Julai.

Jana nimekwenda kwa wakili, binti mdogo kuliko mpwa wangu, nikaapa. Hati inataja wote kumi na mmoja, kazi zao, tarehe ya kuanza, tarehe aliyosaini mkaguzi, kwa nini nilichagua faili lenu kuandikia mambo yangu nyuma ya fomu, na kwamba fomu zilichomwa na mimi, peke yangu, bila mtu kuona.

Wakili aliniuliza, "Mzee, kifungu cha saba umekisoma?"

"Nimekisoma."

"Unaweza kuapa kwamba fomu zilikuwepo ukaishia hapo. Si lazima useme zilikwenda wapi."

"Binti yangu, nimekuwa mwalimu mkuu. Karatasi ikisema ilikuwepo, mtu wa dirishani atauliza iko wapi. Akikosa jibu atasema njoo kesho."

Akagonga muhuri. Nimeituma leo moja kwa moja kwa ofisi ya pensheni, kwa rejista, ili iwahi tarehe thelathini. Hii ya kwako naituma kwa posta ya kawaida. Nimefanya hivyo makusudi, usije ukapata nafasi ya kunikataza.

Kaka yako


10 Oktoba 2002

Kaka Mkubwa,

Shikamoo. Huku hatujambo. Barua yangu ya Agosti na yako zimepishana njiani kama watu wasiojuana. Ningekuwa na mabawa ningeikamata yako kwenye mfuko wa posta.

Tarehe ishirini na sita Septemba Bwana Kesho alimtuma tarishi atuite, sisi watano na wajane. Mara ya kwanza katika miaka mitatu tukaingia ndani, nyuma ya lile dirisha. Kuna meza nne na birika la umeme. Alitukalisha, yeye akasimama, akaisoma hati yako kwa sauti. Alipofika kwenye maneno "nililichagua faili lao kwa sababu nilijua hakuna atakayelifungua", aliinua macho kututazama. Mfua nguo akamwambia, "Endelea, baba, tunakusikiliza." Alipomaliza mfua nguo akauliza, "Huyo si ndiye aliyekuwa akinirudishia shati kwa sababu ya mkunjo mmoja?" Ndiye. "Na faili langu akalitia spiriti." Akacheka mpaka akafuta machozi, kisha hakuwa anacheka tena. Mlinzi wa geti yeye alikataa kusema lolote. Aliniangalia mimi kama kwamba nilijua.

Madai yote kumi na moja yamekubaliwa, ya walio hai na ya wajane. Malipo yataanza Januari. Mke wa Mwiko amepewa fomu. Nilimjazia mimi.

Nina hasira, Kaka. Sijui nianzie wapi, kwa uliyochoma au kwa uliyosema. Nilikwambia usiandike. Nilikuwa nimeshakuchagua wewe, unaelewa? Niliiweka pensheni huku na wewe huku, nikakuchagua wewe. Wewe ukaenda kunichagulia kingine.

Nimezungumza na wakili mmoja hapa. Anasema msamaha umekupita, lakini ukija kwa hiari yako, na umri huo, huenda hakimu akakuhurumia, ukapewa kifungo cha nje. Huenda, amesema. Kesi yenyewe haiwezi kukwepeka.

Nijibu utakuja au hutakuja. Usiniletee habari za vitabu.

Mdogo wako


14 Novemba 2002

Mdogo wangu,

Salamu kwenu. Nafurahi kwamba ofisi imewakubali wote. Mfua nguo ana haki ya kila neno, na mlinzi ana haki ya kunyamaza. Ukikutana naye mwambie hukujua. Mwonyeshe barua yangu ya Agosti ikibidi.

Umesema nisilete habari, nimeziacha.

Nami nimemwuliza wakili wangu, yule binti. Kesi ikifunguliwa wataanza na moshi. Kumbukumbu za mahojiano ya mwaka ule hazikuchomwa, ziko mahali, na ndani yake umo wewe, unasema ulikuwa moshi wako. Watakuita kizimbani. Ukisema kweli, uliwadanganya wapelelezi. Ukirudia uongo, umeapa uongo mbele ya hakimu, na mtu aliyeapa uongo juu ya faili lilelile lililompa pensheni watamnyang'anya pensheni. Pamoja na yeye wengine kumi. Kisha watauliza nyuma ya zile fomu paliandikwa nini, na kati ya wale walimu kumi na wanne saba bado wanaishi huko, wana wajukuu.

Nisipokuja hakuna kesi. Hati yangu itabaki kwenye jalada lenu, inawafanyia kazi.

Usidhani nimekaa hapa natafuta sababu. Nilizitafuta za upande wa pili, za kurudi, wiki tatu, na nilikuwa na hamu ya kushindwa.

Umeniuliza nitakuja au sitakuja. Nina umri wa miaka sabini na minne, akili yangu ni timamu, na naandika haya mchana, bila kushurutishwa na mtu. Sitarudi.

Kaka yako